Duara Lililookoa Bafu Letu

Mtaa Huru wa Rebgården,
Kopenhagen.
10 Novemba 2018

Mpendwa Shangazi Paninnguaq,

Goti lako linaendeleaje, na huko Nuuk theluji imeshafunga mlango? Sisi tu wazima, ila Baba anakohoa na hataki kuambiwa. Wale samaki wakavu uliotuma nimewala peke yangu. Usimwambie.

Nina jingine la kuungama. Serikali ilituandikia kwamba bafu letu la wote litafungwa Ijumaa saa sita mchana, kama mkuu wa mtaa hatatia sahihi ahadi ya kutengeneza bomba la moshi la jiko linalopasha maji. Nawe unatujua: mkuu hatuna, na majumbani hatuna pa kuogea.

Alhamisi tulikaa kikao saa nne nzima. Kwetu hakuna kupiga kura. Akipinga mmoja, jambo halipiti. Hatimaye wote thelathini na wanane walikubali Bodil, mwashi wa majiko, atusainie. Akauliza, "Kuna anayepinga?" Nami nikainua mkono, kuomba dirisha lifungwe.

"Aviaja anapinga!" Bodil akasema. "Haya mwanangu, sema."

Shangazi, unajua nilivyo na haya; nimesomeshwa kwa lugha mbili, na zote mbili zilinikimbia. Badala ya dirisha nikanong'ona, "Atakayesaini peke yake, si ndiye atakuwa mkuu?"

Mzee Jeppe akapiga meza. "Mtoto kasema kweli! Leo Bodil anasaini, kesho atataka ofisi!"

"Ofisi ya masizi, Jeppe?" Bodil akang'aka. "Hebu nenda kaoge!"

"Nikaoge wapi, bafu likifungwa?"

Wakazozana saa mbili nyingine, kosa langu. Mwisho nikaona sufuria ya supu imeacha alama ya duara kwenye karatasi ya serikali. Nikaionyesha kwa kidole tu. Tukasaini wote, majina yakiizunguka alama hiyo, asiwepo wa kwanza.

Ijumaa bwana wa serikali alifika kwa baiskeli, zimebaki dakika kumi. Akaigeuza karatasi, akaigeuza tena, shingo ikifuata. "Mkuu wenu ni yupi hapa?"

"Anza popote, baba," Bodil akamjibu. "Utarudi hapohapo."

Akatazama saa, akacheka kwa pua, akagonga muhuri katikati. Bafu liko wazi.

Mimi nilikuwa nimesubiri nisaini wa mwisho, jina langu lijifiche. Kumbe duara halina mwisho: nimebanwa kati ya Bodil na Jeppe, na nakala imebandikwa mlangoni mwa bafu. Kila anayepita na taulo ananiita, "Habari, mkuu!"

Nisalimie Malik na Bibi Naja. Mungu akushike mkono kwenye barafu, nyumba yako isikose joto.

Mimi mwana wa kaka yako, nikupendaye kwa sauti ndogo,
Aviaja