Jina la Shangazi Yako na Sahihi Mbili

Mujukuu wangu Furaha,

Habari za Lubumbashi? Huku Koekelberg, Ubelgiji, tuko salama, na shangazi yako Solange amepata mutoto wa kike. Umeuliza kama mfalme wa Ubelgiji anaamua peke yake. Hapana.

Solange akiwa mudogo, maofisa wa huku walimuandika kwa jina la ukoo lisilo letu. Alipolazwa hospitalini, muuguzi aliona majina yetu hayafanani, akanizuia mlangoni: "Madame, wewe ni nani wake?"

Tukaomba apewe jina letu. Ilihitaji amri ya mfalme, arrêté royal, na sahihi ya mfalme haina nguvu mpaka waziri atie yake pia, maana ndiye atakayejibu bungeni. Tukangoja. Bon, amri ilipotoka, Solange alilisema jina lake jipya jikoni, tena na tena, mpaka sombe, mboga ya majani ya muhogo niliyokuwa napika, ikaungua. Tuliila hivyo hivyo, tukicheka.

Nakukumbatia,
Bibi yako