Uji Aliomwagiwa Bwana Saturnini

MAELEZO YA SHAHIDI
Kituo cha Polisi Nachingwea, Jumatatu, 20 Agosti 1951

Jina: Teodosia Saturnini. Umri: miaka 20. Kazi: mwalimu. Makazi: Nachingwea, nimezaliwa Ruponda.

Mume wangu Saturnini ni dereva wa trekta katika mashamba ya karanga. Tulifunga ndoa tarehe 11 mwezi huu, na hata sasa nikitaja jina lake pamoja na langu moyo unanienda mbio.

Mnamo Jumamosi tarehe 18, saa moja na nusu usiku, gari la sinema lilikuja uwanja wa mpira. Zilikuwa sinema fupi za zamani za Marekani, zisizo na sauti. Humo watu waliteleza, wakaangukiana, na bwana mmoja mnene akabandikwa keki usoni. Mume wangu alicheka mpaka akaniegemea begani. Sijaona mwanamume anayecheka vizuri kama yeye.

Jumapili, baada ya Misa, dereva mwenzake, Dominiko, ambaye naye aliiona sinema hiyo, alikuja kwetu kula. Yeye ni Mngoni na mume wangu ni Mmwera, kwa hiyo ni watani. Aliniambia, "Shemeji, keki hatuna." Akachukua bakuli la uji uliopoa, akambandika nalo mume wangu usoni.

Askari mmoja, mgeni huku Kusini, alikuwa akipita. Alimkuta mume wangu ameinama, mabega yanatikisika kwa kicheko, akadhani analia. Akauliza amefanywa nini. Mume wangu akasema, "Mfunge huyo Mngoni. Babu zake walitumalizia mbuzi, naye amekuja kumalizia uji."

Askari akayaandika hayo kuwa malalamiko. Dominiko alidhani askari naye ameingia kwenye utani, akaondoka naye akicheka. Hakurudi.

Naeleza wazi kwamba hakuna aliyeshambuliwa. Kwetu mtani hashtakiwi kwa jambo kama hilo. Nimeambiwa Dominiko atapelekwa mahakamani kesho. Mume wangu ameketi nje ya kituo tangu asubuhi. Chakula changu cha jana usiku hakukigusa, na leo hajamtania mtu hata mmoja. Nampenda mno, na sina cha kumfariji ila ukweli huu.

Nimeyasema haya kwa hiari yangu, kama nilivyoyaona.

Sahihi: Teodosia Saturnini

Nimemsomea shahidi maelezo yake, akayakubali na kutia sahihi mbele yangu. Mumewe ameyathibitisha. Nimemwachia mtuhumiwa. Alipotoka alimkuta mume wa shahidi amejikunyata ukutani, akamwuliza, "Mmwera, msiba wa nani?" Bwana huyo alicheka mpaka akamwegemea begani. Jalada limefungwa.

Koplo Abdalah