Kamera Ilisikia Kwanza

Lubumbashi, 4 Machi 1974

Yaya Agnès mupendwa,

Salamu nyingi kwako na kwa shemeji Mutale. Huko ng'ambo ya ziwa munaamkaje? Miguu yako imepona? Mimi sina ugonjwa, ila sina tena kazi.

Nimeacha televizio. Filme yangu ya bamama benye kuuza makala ya kupikia ilionyeshwa Jumapili, na mwisho jina lililotokea lilikuwa la Roger, mwenye kushika taa. Nikamuuliza shefu. Akasema, "Ngalula, batu habajazoea kuona jina la mwanamuke pale." Nikaweka funguo kwenye meza yake, nikatoka.

Sasa nitafanya filme zangu mwenyewe. Rafiki mumoja, Dominique, ameniazima kamera. Ninataka kuanza na ninyi, bamama ba samaki ba Nchelenge. Utabaomba?

Mudogo wako,
Ngalula


Nchelenge, 29 Machi 1974

Clotilde mudogo wangu,

Huku Zambia hakuna sheria kama ile ya kwenu ya kunikataza kukuita jina lako la ubatizo. Barua yako imenikuta muzima, miguu inavimba siku za soko tu. Mutale anakusalimia, anauliza kama kamera inaogopa maji.

Bamama banakubali. Eness, mwenzangu wa sokoni, alikataa kwanza, alifikiri ni mambo ya polisi. Kuja mwezi wa saba, tukiwa kisiwani Chisenga tunaanika chisense. Wale samaki wadogo wanafunika muchanga wote, utafurahi kuwaona. Uniletee kitenge cha kwenu.

Yaya wako,
Agnès


Brussels, 11 Novemba 1974

Yaya mupendwa,

Hujambo? Baridi ya huku imenishika kifua lakini ninaendelea. Tangu tuliachana pale Chisenga sijalala vizuri juu ya filme. Nilikuja huku kuimalizia, na sasa imekwisha.

Kuna jambo. Ile siku nilikuuliza kwa nini ulivuka ziwa. Ulijibu, "Batu bote banafikiri ni vita. Mimi nilikimbia bwana. Alikuwa ananipiga, na mpaka leo ni muzima kule kwetu Pweto." Ulisema huku unageuza samaki, hukuinua kichwa. Hakuna kitu kizuri kupita pale katika filme yote. Batu ba televizio moja ya hapa banaitaka juu ya yale maneno, na banasema banaweza kunipa kazi nyingine.

Ninajua Mutale alikuoa akifikiri wewe ni mujane. Lakini nani wa Nchelenge ataona televizio ya Ubelgiji?

Mudogo wako,
Ngalula


Nchelenge, 20 Desemba 1974

Clotilde,

Kifua ukipake mafuta, ulale mapema. Sisi tuko wazima, mvua imeanza.

Unauliza nani ataona. Padri wetu anatoka Ubelgiji, na dada yake anamuandikia kila mwezi. Padri huyu ndiye alitufungisha ndoa. Nilimuapia kwamba bwana wangu wa kwanza alikufa.

Uliniuliza kama mudogo wangu, nikajibu kama yaya wako. Kamera niliisahau. Ondoa yale maneno.

Agnès


Lubumbashi, 6 Machi 1975

Agnès,

Natumaini muko wazima.

Nimeyaondoa. Bale ba televizio bamekataa filme, banasema iliyobaki ni samaki tu. Nimerudi nyumbani. Ninapiga filme za ndoa, na moja ya kufundisha bafanyakazi kunawa mikono. Kazi ni kazi.

Salamu kwa Mutale.

Ngalula


Nchelenge, 15 Agosti 1976

Clotilde mudogo wangu,

Ni siku nyingi. Unaendeleaje? Bado unafanya kazi peke yako? Mimi ni muzima, nywele zinaanza kuwa nyeupe.

Nimemuambia Mutale. Hakuna aliyenilazimisha. Tulikuwa tunakula, nikasema, "Ule bwana wa Pweto hakufa." Akauliza, "Nani mwingine anajua?" Nikajibu, "Clotilde, na kamera yake."

Akanawa mikono, akaenda kisiwani Kilwa, hapa ziwani, na nyavu zake. Nilifikiri ndoa imekwisha. Rosaria, dada yake, alikuja kuchukua sufuria zake alizoniazima, nikajua habari imefika kwao.

Siku aliyorudi alikaa mulangoni bila kuvua koti. Akasema, "Uliambia kamera mbele ya kuniambia mimi." Jambo la bwana hakuligusa. Hili ndilo lilimuuma.

Tumeenda bote wawili kwa padri. Ameandikia askofu. Tukingojea jibu hatupokei komunyo, tunakaa viti vya nyuma. Mutale ameacha kwaya. Lakini analala nyumbani.

Sasa hakuna mutu wa kumuficha. Rudisha maneno yangu katika filme, upate kazi zako.

Yaya wako,
Agnès


Lubumbashi, 2 Septemba 1976

Yaya mupendwa,

Barua yako niliisoma nikiwa nimesimama posta. Nashukuru muko pamoja.

Maneno hayako tena. Niliyachoma, picha na sauti yote. Niliogopa siku moja nitakosa kazi kabisa na nitayauza. Usinihurumie. Kamera sasa ni yangu mwenyewe, na hakuna mutu anayeniambia nipige nini. Filme ni chache, lakini ni zangu.

Nikikuja tena, utakubali kusema?

Mudogo wako,
Ngalula


Nchelenge, 24 Septemba 1976

Mudogo wangu Clotilde,

Tuko salama, joto limezidi. Eness anakusalimia.

Mimi siwezi kusema tena vile. Ile siku sikujua kama ninasema. Leo nitapanga maneno, na wewe utaona mara moja kwamba nimeyapanga. Nilitaka kukuandikia hapana. Mutale amekataa. Anasema, "Kama kamera ilisikia yako, isikie na yangu." Anataka kukaa ndani ya mutumbwi. Nimemuambia mwenye kuamua mutu akae wapi ni wewe.

Kuja mbele ya mvua kuanza. Sijui atasema nini, sijamuuliza. Leo asubuhi nilimusikia nyuma ya nyumba akijaribu maneno yake peke yake, kwa Kibemba. Nikarudi ndani polepole.

Yaya wako,
Agnès