Stesheni ya Mguu Mmoja

Jumatatu, 2 Oktoba 1950

Haya Machojuu, karibu. Nimekupa jina hilo kwa sababu karatasi hizi nazichomeka kwenye nyasi za paa, ukitaka kuzisoma lazima utazame juu kwanza. Hakuna mwingine wa kuzisoma. Mjomba Kaimu herufi hazijui, na wanawake wenzangu wa maji wanadhani nahifadhi hirizi.

Ni karatasi za mifuko ya simiti. Mfuko una ngozi nyingi kama kitunguu, ile ya ndani haina vumbi sana. Penseli kanipa karani Kipriani. Kaka yangu alipokuwa shule alikuwa anaandika mchangani, mimi natwanga pembeni naangalia. Yeye kaacha. Mimi nimeshindwa kuacha.

Kazi yangu ni debe. Natoka nalo kisimani mpaka kwenye zege, narudi, naenda. Shingo imekuwa ngumu kama mti. Lakini leo nimesahau shingo kabisa. Leo wamepandisha boriti ya kwanza ya chuma juu ya nguzo!

Winchi ikalia. Boriti ikanyanyuka kutoka chini pole pole, ikaning'inia. Kitu kizito hivyo, kinazunguka hewani kama jani. Watu wote shingo juu. Hata Bashiri nyapara, ambaye hata usingizini anafokea watu, alifunga mdomo. Ikatua juu ya nguzo mbili, kishindo nikakisikia kwenye nyayo.

Debe lilikuwa kichwani muda wote. Sikumbuki kama nilipumua.


Jumatano, 4 Oktoba

Nimemuuliza Kipriani: reli ya pili itapita wapi? Maana ile ya Nachingwea ninaijua, ina vyuma viwili. Hapa naona kimoja tu.

Akacheka. Hakuna ya pili, anasema. Ni hicho hicho kimoja. Gari litakikalia kama tandiko juu ya punda, miguu huku na huku, halianguki. Mbuga hii ya Nambambo ina udongo mweusi, mvua ikinyesha trekta linazama mpaka bomba la moshi. Kwa hiyo Wazungu wameamua karanga zipite juu, na watu nao wapite juu. Na hapa katikati ya mbuga pawe na stesheni, juu ya nguzo. Abiria wa vijiji hivi watapandia hapa.

Juu! Mtu atoke shambani kwake, apande ngazi, aingie garini angani.

Makuli wameshaiita treni ya mguu mmoja. Mama mmoja wa maji anasema yeye hapandi, kitu cha mguu mmoja ni jini. Mimi nitapanda. Sijui nitampa nani nini, lakini nitapanda.


Jumanne, 10 Oktoba

Sasa najua nguzo inavyozaliwa. Ngoja nikuandikie kabla sijasahau.

Kwanza shimo. Refu, watu wawili wakipandana mabegani hawaoni nje. Wanachimba mpaka wapite udongo mweusi, wafike kwenye udongo mgumu wa njano. Halafu nondo, zinafungwa kwa waya mpaka ziwe kama tenga la kuku, tenga linasimamishwa shimoni. Halafu mbao kuzunguka. Halafu sisi. Maji, mchanga, kokoto, simiti, koroga, karai kwa karai, bila kusimama. Ukianza huruhusiwi kusimama, zege litashika vipande vipande. Siku ya kumwaga hatuli mpaka limejaa.

Mzungu wetu tunamwita Bwana Kamba. Ana timazi, kamba yenye risasi nzito mwishoni, haimtoki mkononi. Anaining'iniza kando ya nguzo, anafumba jicho moja. Ikiwa nguzo imeinama hata kama ukucha, anakasirika kwa Kiingereza. Ikiwa imenyooka anasema, "Huyu askari."

Nguzo zote zimeshasimama isipokuwa ya mwisho, ile ya kushikia ngazi. Sakafu ya juu imeshamwagwa upande mmoja. Leo Bashiri kaniambia nipeleke maji huko juu, kumwagilia zege lisipasuke.

Nimepanda!

Kwa ngazi ya miti, debe kichwani, sikutazama chini. Nikafika. Nikatua debe. Nikageuka.

Machojuu! Niliona migongo ya ndege. Ndege wanapita chini yangu. Niliona mbuga yote, mashamba ya karanga yamenyooka kama yamekatwa kwa mkasi, mabati ya Nachingwea yanawaka jua, na upande wa pili vilima vya kwetu Ruangwa, rangi ya bluu kama moshi. Kwetu ni mbali kwa miguu, lakini kutoka pale ningekifunika kijiji chetu cha Mbekenyera kwa kidole.




Ijumaa, 13 Oktoba

Leo utani umekolea.

Sisi wa Mbekenyera na hawa wa ukoo wa Bashiri ni watani tangu mababu. Ardhi hii ya mbuga ni yao. Makuli wengi ni wao. Sisi wa upande wetu tuko wawili tu hapa, mjomba na mimi, kwa hiyo tunatukanwa na watu wengi kwa zamu.

Wakati wa uji Bashiri akaanza. "Kaimu, leo hakuna panya kwenye uji, samahani, mboga yenu imekwisha."

Mjomba akajibu, "Nyinyi wa Nambambo hata chumvi mnaazima, kisha mnamrudishia mtu maji ya bahari."

Watu wakacheka. Bashiri akasema ukoo wake umetoa ardhi, umetoa mikono, stesheni hii ni yao, Kaimu akitaka kupanda aombe ruhusa.

Mjomba akaweka bakuli chini. Akainuka kama shehe anayetaka kuhutubia. "Basi ombeni nanyi. Kitu cha mguu mmoja hakisimami mpaka kipewe mguu wa pili. Hizo nguzo nyingine zimevumilia. Hii ya mwisho itadai mguu wa mtu. Na hautakuwa wa Mbekenyera."

Tulicheka mpaka nikamwaga uji. Bashiri mwenyewe alicheka.


Jumatano, 18 Oktoba



Asubuhi Awadhi alikuwa ndani ya shimo la nguzo ya mwisho, anafunga nondo. Awadhi ni mpwa wake Bashiri, kijana mpole, anaimba akifanya kazi. Ubao mkubwa ukateleza kutoka juu. Ukaangukia mguu wake.

Sauti yake sitaki kuiandika.

Walimtoa kwa kamba. Bwana Kamba mwenyewe alishuka shimoni, akatoka na damu shati zima. Wakampakia kwenye lori kwenda hospitali Nachingwea.

Lori lilipoondoka hakuna aliyerudi kazini. Walisimama wanaliangalia shimo. Kisha mmoja akasema, siyo kwa sauti kubwa: "Mguu. Si alisema mguu?"

Wote wakamgeukia mjomba.


Ijumaa, 20 Oktoba

Kambi tupu. Vibanda vimebaki na majivu. Wamekwenda makwao, wengine wameacha hata masufuria. Habari imeshafika Narung'ombe, na huko imekuwa nyingine: stesheni inakula mtu kila nguzo, Wazungu wananyonya damu wanachanganya na simiti ndiyo maana inakuwa ngumu.

Mimi ndiye nilikuwa nabeba maji ya hiyo simiti! Yalikuwa maji ya kisima, yenye vyura.

Mjomba hajalala. Anasema, "Sikuzani, ulikuwa utani. Wewe ulikuwepo. Ulikuwa utani, sivyo?" Nikamwambia ndiyo. Akaniuliza tena. Nadhani ameanza kuuogopa ulimi wake mwenyewe.

Kipriani kaniambia habari ya Awadhi. Mguu umekatwa chini ya goti. Nikauliza atapewa nini. Kipriani kanyanyua mabega. Alikuwa kibarua, anasema, kibarua analipwa siku alizofanya.


Jumanne, 24 Oktoba

Mawingu upande wa Ruangwa. Bado meupe.

Bwana Kamba amekaa juu ya ndoo mbele ya nguzo zake.  Kipriani kanieleza mambo yalivyo. Mvua ikishuka kabla nguzo ya mwisho haijamwagwa, shimo litajaa, mbuga itajaa, na hakuna kitakachoingia hapa mpaka miezi mingi. Wakubwa wake wamemwandikia: ikiwa hivyo, ang'oe boriti, achukue winchi, aondoke. Karanga zenyewe hazikuzaa kama walivyotegemea, hawana hamu ya kungoja.

Basi zitabaki nguzo katikati ya nyasi. Hazijabeba kitu.

Nilipanda juu peke yangu jioni. Hakuna aliyenituma, na zege halihitaji maji tena. Nilikaa tu. Chuma kile kimoja kinakwenda kimenyooka mpaka jicho linachoka. Nililala kifudifudi nikaweka sikio. Kilikuwa cha moto, na ndani kama kinavuma. Nawaza mikono iliyolifikisha zege hapa kwa karai. Ni sisi. Sisi watu wa jembe na mchi tumekiweka chuma mahali ambapo mwewe anapita.

Na kisha kwa neno moja la mzaha tukakimbia.


Alhamisi, 26 Oktoba

Jana Bashiri alirudi, na watu wachache wa ukoo wake. Hawakukaribia shimo. Walimwita mjomba.

Bashiri hakufoka, ndicho kilichonitisha. Akasema watu wako tayari kurudi, njaa ipo, kodi ipo. Lakini shimo lile limegeuka kaburi. Limefunguliwa kwa neno la mtani, litafungwa na mtani. "Unajua desturi, Kaimu. Shuka."

Kwetu ni hivi. Kaburi likishachimbwa mtani anaruka ndani, analala, anapiga kelele kwamba hatoki. Wafiwa wanangoja na maiti yao. Wanamtukana, wanambembeleza, wanacheka huku machozi yanatoka. Mpaka apewe kitu anachotaka, kwa mkono wa mwenye msiba. Akishapewa anatoka, na kaburi linakuwa shimo tu, halina njaa.

Mjomba akasema atashuka kesho.

Usiku nimesikia anafunga mzigo. Asubuhi kibanda kimebaki nami peke yangu. Kakimbilia Mbekenyera. Simlaumu. Kidogo namlaumu.


Jumamosi, 28 Oktoba

Naandika nikiwa ndani ya shimo.

Ni kweli. Mgongo wangu uko kwenye udongo wa njano, nondo zimenizunguka, mimi ndiye kuku wa tenga. Juu naona mraba wa mbingu, na katikati ya mraba, chuma. Kutoka huku chini stesheni haina mwisho. Nimeshaiona kutoka juu, sikujua kwamba kutoka chini ni kubwa zaidi. Nguzo zinapanda, zinapanda, kama zenyewe ndizo zimeshika mawingu yasianguke.

Na mawingu sasa ni meusi.

Nilimfuata Bashiri asubuhi nikamwambia: mimi pia ni wa Mbekenyera. Akanitazama. "Mwanamke?" Nikamwambia, matusi yenu huwa yananibagua? Akafikiri, akasema hapana, wewe tunakutukana vizuri tu. Wakaniteremsha kwa kamba.

Makuli wamerudi karibu wote. Nawasikia wamezunguka mdomo wa shimo. Simiti imeshafunguliwa, mchanga umeshachanganywa, karai zimepangwa. Wananingoja mimi.

"We Sikuzani, usitukojolee nguzo!"

"Omba ng'ombe!"

"Ukiomba ng'ombe tunakumwagia zege humo humo, utakuwa mzungu mweupe!"

Nami nawarudishia. Nimemwambia Bashiri simiti waliyoshika haitatosha, wangekoroga na ubahili wa ukoo wao, ingeshika mara moja. Wamecheka. Kicheko cha kweli, nimekisikia kikishuka shimoni kama maji. Hakijasikika hapa tangu siku ya ubao.

Lakini kuna tatizo la nani mwenye msiba. Bashiri anasema ardhi ni yao lakini shimo ni la Bwana Kamba, basi mkono uwe wake. Kipriani alimweleza kwa Kiingereza, muda mrefu sana. Bwana Kamba akachungulia, uso mwekundu, kofia mkononi. Akanitupia sigara. Watu wakamzomea. Akanitupia blanketi. Nikalirudisha juu. Mwishowe akaelewa kwamba anayetaja ni mimi. Akasema, "Mama maji, sema. Moja. Mimi nitafanya." Kipriani akaongeza kwamba ameapa mbele ya wote, na akisema moja ni moja.

Nilikuwa na jibu. Nilishuka nalo. Kiti cha kwanza, gari la kwanza, niende na kurudi juu ya mbuga. Tangu boriti ile ya kwanza sijataka kitu kingine. Nilifungua mdomo.

Ndipo nikaona miguu ya mtu ukingoni, haichezi na wengine. Nikainua macho. Ni Mwamina, mama yake Awadhi. Kanga yake ina vumbi la barabara ya hospitali. Hakunitukana. Hakuniambia omba hiki. Aliniangalia tu, kisha akaangalia mahali nilipokanyaga, pale ubao ulipomwangukia mwanawe.

Na mjomba? Bwana Kamba ameshaandika jina lake kwa polisi, mtu aliyewakimbiza makuli. Kwa neno langu moja analifuta.

Nikafunga mdomo. Nikasema nipeni muda. Wakadhani ni mchezo, wakapiga vigelegele, mtani anapandisha bei.

Tone moja limeanguka hapa kwenye karatasi, ndiyo alama hiyo unayoiona. Lingine. Maji yameanza kutoka kwenye udongo, yamefika kwenye vidole vyangu vya miguu. Bashiri anapaza sauti, hachezi tena: "Sikuzani, mvua hiyo, taja!" Karai zimeshanyanyuliwa, nasikia vyuma vinagongana. Bwana Kamba amepiga magoti matopeni, mkono umenyooshwa shimoni, kiganja wazi.

Moja tu. Wewe ungeomba nini?