Waumini Wapya wa Ghorofani

Jumapili, 2 Machi

Nimerudi kutoka ibadani. Hapana — kutoka uwandani! Profesa amenikanya: mtafiti haendi ibadani, huenda uwandani. Miguu ni ileile, ngazi ni zilezile zinazonuka mafuta ya cherehani, ila jina limebadilika, na kwa hilo nitapewa udaktari.

Mahudhurio mazuri. Wazee wanane wa siku zote, akiwemo Mama Mwinjilisti mwenyewe, ambaye siku za kazi anashona sare za shule chini na Jumapili anahubiri juu. Halafu wale wapya wangu watatu. Wasomi! Vijana! Sura ya Nne ya tasnifu imekaa mabegani mwao: kwa nini vijana wasomi wanarudi kwenye vikundi vidogo vya ibada. Bila wao nina wazee wanane na bati linalovuja, na hakuna aliyewahi kuvishwa joho kwa sababu ya bati.

Leo mmoja wao, ninayemwita Miwani, alifikia kilele wakati wa maombi. Alifumba macho, akajishika kifundo cha mkono, midomo ikicheza. Nimeandika: "mwili kama chombo cha ibada". Bi Kofia alilia tena, kwa mpangilio mzuri. Yule ninayemwita Kimya alitoa sadaka kisha akawatazama wengine wote wakitoa, mmoja mmoja, kwa upendo. Nikaandika ukurasa mzima juu ya upendo huo.

Jumatano, 5 Machi

Mama kapiga simu. Ameshawatangazia shangazi zangu wote kwamba nimeokoka. Nikamwambia sijaokoka, natafiti. Unatafiti nini? Nikamweleza vizuri: tunachunguza dini inafanya kazi gani katika jamii, nani anakuja, kwa nini anabaki. Kama Mungu yupo au hayupo, hilo tunaliweka kando.

Kisha akauliza: kwa hiyo kila wiki unaingia nyumba ya mtu, unapima milango, unahesabu viti, na mwenye nyumba humwulizii? Nikasema hiyo inaitwa mbinu. Akasema kwao iliitwa kukosa adabu. Salamu kwa baba, kwaheri.

Jumapili, 9 Machi

Homa. Sikwenda. Mchana mlango ukagongwa — Bibi Nesi, muuguzi mstaafu, mwenye sauti kubwa kuliko wote kwenye kwaya na magoti mabovu kuliko wote kwenye ngazi. Kabeba supu. Kanigombeza, kanipima joto kwa kiganja, kaosha vyombo vyangu vya jana na vya juzi, kaniombea. Kwa nini hukusema unaumwa? Huna watu?

Nimeandika: "msaada wa kijamii baina ya wanakikundi, aina ya pili." Aina ya kwanza siikumbuki. Supu ilikuwa na ndimu. Nililia kidogo. Homa hiyo.

Jumapili, 16 Machi

Tangazo. Makao makuu wanapitia matawi madogo. Tawi lisilo na watu wazima kumi na wawili linafungwa, watu wake wanapelekwa kanisa kubwa ng'ambo ya mji. Mkaguzi anakuja Jumapili ijayo. Atawasimamisha watu na kuwahesabu, basi.

Wazee wameguna tu. Bibi Nesi alikuwa anasugua goti. Kanisa kubwa ni mabasi mawili na mlima. Hatafika, na kila mtu pale anajua kwamba hatafika.

Wanane na wapya watatu: kumi na mmoja. Hesabu hiyo niliifanya upesi mno, na jambo la kwanza nililowaza, Mungu anisamehe — yaani jamii inisamehe — ni kwamba Sura ya Tano imejileta yenyewe. "Kufa kwa kikundi." Nilitoka pale karibu nipige mluzi.

Jumanne, 18 Machi

Natamani ardhi ipasuke!

Semina ya kitivo. Chai ya maziwa, biskuti laini, mgeni kutoka idara ya anthropolojia. Mgeni anapanda jukwaani — Bi Kofia! Bila kofia! Nilidhani kaja kutoa ushuhuda. Akafungua kompyuta. Anatafiti machozi katika ibada, na mbinu yake ni kushiriki kikamilifu, kwa hiyo amekuwa akijiliza.

Haikuishia hapo. Nyuma yangu mtu akakohoa: Miwani, saikolojia. Anapima mapigo ya moyo wakati wa maombi. Kile kifundo cha mkono, Bwana, kilikuwa na saa inayohesabu mapigo! Kimya ni wa uchumi. Anachunguza kama mtu hutoa zaidi akitazamwa. Upendo wangu wa ukurasa mzima!

Kwa hiyo kurejea kwa vijana wasomi kwenye ibada ni sisi. Sote tumekuja kumtazama mwenzetu anavyoamini. Mganga kaenda kwa mganga, wote wanasubiri mgonjwa.

Lakini lililoniuma ni hili. Bi Kofia alikuwa na mfano wa "muumini wa kweli". Binti mmoja anayeandika kila neno la mahubiri kana kwamba atalila. Anafika wa kwanza, anaondoka wa mwisho. Alhamisi hufagia bila kutumwa. Huyu, akasema mbele ya kitivo kizima, alikuja mpweke na sasa amepata kwao.

Watu wakaandika. Mimi pia nikaandika, kwa mazoea. Kisha nikaona nimejiandika mwenyewe, nikaenda kunawa uso.

Alhamisi, 20 Machi

Tumekwenda wanne kwa Mama Mwinjilisti, tukapanga mstari mbele ya cherehani kama watoto waliovunja dirisha. Kila mmoja wetu alikuwa amemwambia tangu siku ya kwanza kuwa yeye ni mtafiti. Tulitimiza maadili! Sasa kwa nini, Mama, hukutuambia kuhusu wenzetu?

Hakuacha kushona.

"Si mlinikataza? Wewe ulisema, Mama, usimwambie mtu yeyote, wakijua watabadilika. Huyu naye akasema hivyohivyo. Na huyu. Na huyu. Mimi nikiahidi nimeahidi. Nikajisemea, labda ndivyo mnavyofundishwa chuoni, kusali kwa zamu na kwa siri."

Miwani akauliza Jumapili tufanyeje. Tukikosekana, wamebaki wanane. Tukisimama, ni kumi na wawili kamili.

"Simwambii mtu asimame. Uongo siutaki mule ndani, hata wa kuokoa bati." Akakata uzi kwa meno. "Wala simwambii mtu akae. Nyie si watoto wangu wa kuwaambia kaa."

Halafu akanipa ufagio, maana ni Alhamisi. Kufagia nilianza ili kujenga uaminifu na watafitiwa. Hilo limo kwenye ukurasa wa mbinu. Nimefagia mpaka chini ya mimbari, ambako hakuna anayeona, na nimekasirika vibaya, sijui na nani.

Jumamosi, 22 Machi

Profesa hana wasiwasi hata kidogo. Data haifi, anasema, hubadilishwa kichwa. Sura ya Nne itahusu namna watafiti wanavyoumba dini wanayoichunguza. Ni nzuri kuliko ile ya awali! Mara mbili amesugua viganja.

Ila kesho nisisimame. Hilo alilisema amevua miwani. Hao watatu wafanye wapendavyo, wana wasimamizi wao. Nikisimama nimekuwa sehemu ya matokeo, na yeye hataweka sahihi yake kwenye kazi ya mtu aliyejihesabu mwenyewe. Miaka minne, akanikumbusha. Kana kwamba nimeisahau.

Nikamwuliza: na wale wazee? Akasema nimeuliza swali zuri sana, niliweke kwenye hitimisho.

Jumapili, 23 Machi

Naandika humuhumu ibadani. Hakuna anayeshangaa, mimi ndiye binti wa kuandika.

Mkaguzi ni mtu mpole, amechoka, kafunga tai ya kahawia. Kasifu usafi wa chumba. Nimetazama chini. Wimbo umekwisha. Nilitegemea atauliza nani kabatizwa, nani kaandikishwa, nipate pa kujifichia. Hakuuliza. Amesema: anayehesabu hapa kuwa ni kwake, asimame.

Wazee wamesimama. Bibi Nesi wa mwisho, kwa kushika kiti cha mbele, goti likilia mpaka huku.

Bi Kofia amesimama. Analia, vibaya, bila mpangilio wowote. Kimya amesimama, hatazami mtu. Miwani ametazama saa yake, akaivua, akaitia mfukoni, amesimama.

Mkaguzi anahesabu kwa kidole. Kumi na mmoja, anasema taratibu. Anarudia tangu mwanzo, mtu mzuri, anatafuta aliyemruka. Mama Mwinjilisti hanitazami. Anajua nilipo na hanitazami! Profesa yuko nyumbani kwake anakunywa chai. Kidole kimefika kumi. Mwandiko huu hausomeki, najua. Daftari huwa naliweka magotini, na sasa magoti yamenyooka, na Bibi Nesi kanishika mkono huuhuu wa kalam—