Kwa Mwalimu Yeremia Shigela, Aliyeuliza Nani Alimuua Luhaga

Mwaka umetimia, Baba, tangu tulipokuleta nyumbani Butimba kwa mara ya mwisho, umefunikwa shuka, nasi tukigeuka nyuma kuangalia kama kuna gari linalotufuata.

Ulifundisha historia hadi ukastaafu. Sokoni Kirumba hukuweza kununua hata samaki sato mmoja bila mtu mzima kukusimamisha: "Shikamoo, Mwalimu!" Kila mjukuu ulimmenyea chungwa lake, na hukugusa chakula kabla Mama hajakaa.

Wenzako walipostaafu walifuga kuku. Wewe ulirudia swali lililokusumbua tangu utotoni, siku wanafunzi mlipopangwa mistari kumzika mbunge Shimba Luhaga, aliyepigwa risasi mlangoni kwake. Mahakama ilisema muuaji ni Oluoch, mvuvi wa Kamanga, naye akafia gerezani. Hakuna aliyekutuma wala kukulipa. Nchi moja ya ng'ambo ilipozifungua nyaraka zake za siri za miaka ile, ulizisoma kwenye kompyuta ya binti yako Dorcas, miwani imeteremka puani. Ukakuta taarifa ya ubalozi wao: Oluoch hakuhusika, na wakubwa waliomshtaki walijua.

Ulivuka kwa kivuko kwenda kumsomea Aoko, binti wa Oluoch. Alituambia msibani kwamba alilia mpaka ukashindwa kuendelea. Kisha akakuuliza, "Mwalimu, sasa naweza kumtaja baba yangu kanisani?"

"Mtaje, mama. Mtaje kwa sauti."

Ulipoanza kusema utaandika kitabu, simu zikaanza. Moja aliipokea Mama. Mwanamume, sauti ya upole kabisa: "Mama, mwambie mzee apumzike. Wajukuu bado wadogo." Mama alikuomba uache. Ulimshika mkono, na wako ulikuwa wa baridi.

"Modesta, naogopa kuliko wewe. Lakini nimeshasoma. Nitajifanyaje sijasoma?"

Halafu akapiga simu mzee aliyedai alikuwa askari enzi zile. Alitaka mkutane Usagara, njia panda. Ulikwenda mchana kweupe. Gari lililokugonga halikusimama. Yule mzee hatujamwona hadi leo, na namba yake haipatikani. Tuliambiwa ni ajali. Pengine ni kweli. Wageni wakiwepo, tunasema hivyo kwa sauti.

Mama siku hizi hafungui mlango mpaka ajue nani anabisha. Mwanao Ng'washi amebadilisha namba ya simu. Pikipiki ikisimama nje, tunanyamaza wote, hata watoto wamejifunza. Kazi yako haimo tena nyumbani humu, wala haiko Mwanza. Anayeitafuta asitusumbue.

Tulibishana sana kabla ya kutoa tangazo hili. Ni Aoko aliyekata shauri. Alivuka kutoka Kamanga, akaketi na Mama jikoni, akasema, "Dada, mimi nimelificha jina la baba yangu tangu nina akili. Haikunisaidia kitu. La mwenzio liandikeni."

Basi tumeliandika, Baba.

Unakumbukwa na mkeo Modesta. Wanao Ng'washi na Dorcas. Wajukuu zako wote. Na Aoko binti Oluoch, aliyeomba awemo.

Yuko mwanao mwingine. Ametusihi jina lake lisionekane hapa. Usimwone vibaya, ana watoto wadogo. Naye hatakusahau, kama sisi tusivyokusahau.