Sinema Kumi na Moja za Mjojia

Jumamosi, 4 Mei
Mimi Mudi nina bahati mpaka najionea wivu. Mtu gani mwingine wa Tanga hapa Johannesburg anajua Kijojia? Nilipokuwa bandarini Durban, nahodha mmoja wa Jojia, ile nchi jirani na Urusi, alinipenda, akanifundisha lugha yao. Leo nimetafsiri sinema ya nne, nyuma ya saluni ya Mama Zawadi, mtaa wa Malvern. Wao wanasema kwenye televisheni, mimi nasema kwenye maikrofoni. Watu mpaka mlangoni. Wamenifuata mimi, si huyo mwigizaji Mjojia aliyemo katika zote. Yeye ni nyusi tu.

Jumamosi, 11 Mei
Ya saba. Zamani alikuwa kijana, anashuka farasi. Sasa ana kitambi, anashuka ngazi. Akifiwa, uso ule. Akioa, uso ule ule. Kwao eti nyota. Tanga asingepewa hata nafasi ya maiti. Angekohoa.

Jumamosi, 18 Mei
Ya kumi na moja, ya mwisho. Kazeeka. Anasimama kwenye geti la mwanamke, anabwabwaja dakika nzima. Gogo. Nikamsaidia. Nikamtilia maneno: "Mke wangu, nilikupiga, nimebadilika. Rudi nyumbani." Saluni nzima ilishika leso. Mjojia hajawahi kuigiza vizuri namna ile maishani mwake.

Jumatatu, 20 Mei
Eish. Mama Zawadi anafungasha. Mumewe wa Lubumbashi, yule aliyemvunja mkono, anapiga simu kila siku akilia.
"Kaka Mudi, ule muzee amenifungua macho. Bwana yangu naye amebadilika. Ijumaa napanda basi."
Nilicheka. Kisha nikaona hatanii.
Mafala, wateja wangu. Mtu mzima anachukua ushauri kwa nyusi!

Jumatano, 22 Mei
Sikula. Ule mkono wa Mama Zawadi haunyooki mpaka leo. Anasuka watu kwa mkono huo huo.

Alhamisi, 23 Mei
Nimekwenda asubuhi. Alikuwa na mteja kitini. Nikasema hapo hapo, mteja akisikia: maneno ya getini nimeyatunga mimi.
"Sasa muzee alisema nini?"
"Sijui, mama. Labda alikuwa anatafuta ng'ombe wake."
Mteja alicheka. Mama Zawadi hakucheka. Alimaliza msuko, akaanza mwingine.
"Toka, Mudi."
Lile "Kaka Mudi" limekwisha.

Jumapili, 26 Mei
Basi la Ijumaa limeondoka bila yeye. Saluni iko wazi. Nimepita, nimesalimia, akaendelea kusuka. Televisheni kaigeuza ikatazama ukuta.
Mjojia nimemtukana bure. Yeye angalau alisema maneno aliyopewa.
Hakuna nahodha. Hajawahi kuwepo. Kijojia sijui hata neno la maji.